Miche ya alizeti dirishani inalala: tatizo ni paa, si mbegu

Swali: Nimepanga chumba na sebule Nkuhungu, hapa Dodoma. Uwanja ni wa wapangaji wote, na kuku na mbuzi wa jirani hawabakizi kitu, kwa hiyo nimejaribu kuotesha alizeti ndani. Nilinunua mbegu sokoni, zile za kupimiwa kikombe, nikapanda kumi kwenye vikopo vya mtindi na kuviweka kwenye dirisha la kusini kama nilivyosoma mtandaoni. Saba ziliota siku ya sita. Wiki moja baadaye zilikuwa ndefu kama uzi. Nne zimelala, mbili zimeoza shingoni, na moja bado ina ganda kichwani. Nilikuwa namwagilia asubuhi na jioni. Nakosea wapi? Na je, alizeti inaweza kweli kuchanua ndani ya nyumba?

Jibu: Ndugu msomaji, inaweza, ila si kwa dirisha peke yake, na hilo la kusini ndilo dirisha baya kuliko yote. Miche yako saba ina matatizo matatu tofauti yaliyokutana kwenye vikopo vilevile. Ile minne iliyolala ilikosa mwanga. Ile miwili iliyooza shingoni ilipata kinyausi, ugonjwa wa vimelea vya udongoni wanaopenda maji mengi na hewa iliyotulia. Huo wenye ganda kichwani ulipandwa juujuu mno. Mbegu haina kosa. Saba kuota kati ya kumi, kwa mbegu ya kikombe ambayo hakuna ajuaye imekaa guniani muda gani, si haba.

Iliyolala usihangaike kuisimamisha kwa vijiti. Shina lililorefuka kwa kutafuta mwanga halirudi kuwa nene. Kwenye nyanya ungeweza kulifukia shina likatoa mizizi. Kwa alizeti usitegemee hilo, shina laini ukilifukia huweza kuoza. Mwaga udongo ule nje, osha vikopo, anza upya. Ule mmoja wenye ganda unaweza kuuokoa: lilowanishe ganda kwa tone la maji ya vuguvugu, subiri kama nusu saa lilainike, kisha livute taratibu kwa vidole viwili. Likigoma, lilowanishe tena kesho. Ukilichomoa kavu utaondoka na majani yote mawili, na mche hautakuwa na kitu cha kuulisha.

Jua la Dodoma haliingii dirishani

Ushauri wa dirisha la kusini umeandikwa na watu wa Ulaya kwa ajili ya nyumba za Ulaya. Kwao, majira ya baridi na mwanzo wa joto, jua hupita chini upande wa kusini na kuingia hadi katikati ya sebule. Dodoma iko nyuzi 6 kusini ya ikweta. Saa sita mchana jua letu liko karibu na utosi: Desemba limeinamia kusini kidogo, Juni limeinamia kaskazini, na hata hiyo Juni, ambapo liko chini kuliko miezi mingine, bado linasimama nyuzi 60 juu ya upeo wa macho. Sasa chukua paa lililotokeza sentimita 60 nje ya ukuta. Kwa pembe hiyo kivuli chake kinashuka ukutani zaidi ya mita moja, maana yake kinameza karibu dirisha lote. Mwanga mkali unaouona uwanjani unaishia juu ya bati.

Dirisha la kusini lina hasara nyingine juu ya hiyo. Kuanzia mwishoni mwa Machi hadi katikati ya Septemba jua linachomoza, linapita na kuzama upande wa kaskazini wetu. Miezi yote hiyo dirisha la kusini halipati jua la moja kwa moja hata dakika moja.

Jicho hudanganya hapa, kwa sababu mboni hupanuka na chumba kinaonekana cheupe. Kwa kipimo cha mwanga kiitwacho laksi, uwanjani mchana wa jua kali panafika kama 100,000. Hatua mbili au tatu ndani ya chumba mara nyingi hapafiki hata 1,000. Mmea hauna mboni ya kupanua. Unachofanya ni kurefusha shina haraka, ukitumia akiba yote iliyokuwa kwenye mbegu, ukidhani umefunikwa na majani ya mimea mingine na kwamba juu kidogo utalikuta jua. Ndiyo hiyo miche kama uzi.

Dirisha la mashariki linapata jua tangu linapochomoza hadi kama saa tatu na nusu au saa nne asubuhi, ikitegemea paa limetokeza kiasi gani. La magharibi linapata kuanzia kama saa tisa alasiri. Kila moja ni takriban saa tatu, nayo alizeti inataka saa sita za jua la moja kwa moja kwa uchache, nane zikiwa bora. Kwa hiyo hata dirisha zuri linakupa nusu ya mahitaji. Wavu wa mbu uliojaa vumbi unapunguza tena, na vile vioo vya giza vya madirisha ya alumini vilivyojaa kwenye nyumba mpya za Dodoma vinapunguza zaidi. Asubuhi sukuma kioo, futa wavu kwa kitambaa kibichi.

Kati ya mashariki na magharibi, chagua mashariki. Jua la asubuhi halina ukali wa kukausha kikopo kidogo. La magharibi, hasa Septemba na Oktoba hewa inapokuwa kavu, linaweza kuukausha mche wa wiki moja kabla hujarudi kutoka kazini.

Nusu iliyobaki utaipata wapi? Njia ya kwanza, na ndiyo ningeiweka mbele ya nyingine zote, ni kuhamisha chombo: asubuhi kiko dirishani, baadaye kinatoka barazani juu ya meza au stuli ndefu ambapo kuku hafiki, usiku kinarudi ndani. Hapo uzito unaamua kila kitu. Udongo wenye maji una kama kilo moja na nusu kwa lita, hivyo ndoo ya lita 20 iliyojaa inakaribia kilo 30. Hakuna atakayeibeba hiyo mara mbili kwa siku. Chombo cha lita 5 kina kilo saba au nane, hicho kinabebeka. Kumbuka hesabu hii tutakapofika kwenye mbegu.

Njia ya pili ni taa. Balbu za LED za kawaida za nyumbani zinatosha kabisa kwa miche. Zile za zambarau zinazouzwa kwa jina la taa za mimea zinafanya kazi, lakini si lazima. Tafuta balbu nyeupe kabisa, iliyoandikwa 6500K kwenye boksi, si ile ya njano ya chumbani. Tatu za wati 9, zikining'inia sentimita 10 hadi 15 juu ya majani, zinatosha eneo la sentimita 40 kwa 40. Ukiziacha darini zilipo, ni sawa na kutokuwa nazo, maana mwanga hupungua mara nne kila unapoongeza umbali mara mbili. Ziwashe saa 14 kwa siku. Kwenye LUKU hiyo ni kama uniti 0.38 kwa siku, uniti 11 na kidogo kwa mwezi. Usitumie balbu za zamani za waya. Kwa umbali huo zinachoma majani na nyingi ya uniti zako zinageuka joto.

Ila taa hizo tatu ni za kulea miche wiki tatu za mwanzo. Ukitaka mmea ukae ndani hadi uchanue, uwe kwenye dirisha la mashariki, na jua likishaondoka uwashe balbu nne au tano za wati 9 hadi 12, mbili kati yake zikielekezwa ubavuni, maana majani ya juu yakishapanuka yanayatia kivuli ya chini. Ua litakuwa dogo. Anayekuahidi sahani kubwa kama ya shamba la Singida ndani ya sebule anakudanganya.

Ya tatu ni msaada tu: weka nyuma ya mche ubao uliopakwa chokaa, kipande cha bati jipya au boksi lililogandishwa karatasi ya fedha ya jikoni. Mwanga unaopita unarudishwa upande wa giza na mche haupindi sana.

Mbegu

Mbegu ya kikombe ni ya kukamulia mafuta au ya kula. Itaota, lakini huenda ni aina iitwayo Record, au ni kizazi cha pili cha chotara kama Hysun 33, na zote mbili ni mbegu za shamba: mmea wa mita moja na nusu hadi mbili. Kizazi cha pili cha chotara kina kasoro nyingine, kwamba hakifanani. Wa kushoto utachanua wiki mbili kabla ya wa kulia.

Kwa ndani zinafaa aina fupi za mapambo. Big Smile hukomea kama sentimita 30 hadi 40, Sunspot kama 60, na Teddy Bear, yenye ua lililojaa petali hadi katikati, hufika 60 hadi 75. Hizi usizitafute kwenye gunia la soko la Majengo. Waulize wauza maua na bustani za miche. Ukiamua kuagiza nje ya nchi, mbegu inahitaji kibali cha afya ya mimea kutoka TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea na viuatilifu, hata kama ni kipakiti cha punje ishirini.

Usipozipata, mbegu ya shamba bado inatumika kwa ujanja mmoja: chombo kidogo huidumaza. Record inayofika mita mbili shambani, kwenye chombo cha lita 5 itaishia karibu mita moja na kutoa ua la ukubwa wa kisosi. Kwa pambo la sebuleni linatosha. Nunua kwenye duka la pembejeo mbegu yenye lebo ya TOSCI, taasisi ya kuthibitisha ubora wa mbegu, au ile ya daraja la kuazimiwa, inayozalishwa na wakulima wenyewe chini ya ukaguzi, ambayo ni nafuu. Shida ni kwamba chotara huuzwa kwa mfuko wa kilo 2, kiasi cha ekari nzima, nawe unataka punje kumi. Afadhali kumwomba mkulima wa Kongwa au Bahi konzi moja msimu wa kupanda. Mbegu yenye rangi nyekundu, buluu au ya kijani imepakwa dawa. Usiitafune, usimpe mtoto wala kuku, na nawa mikono ukishaipanda.

Kabla ya kupanda, jaribu uotaji: funga punje kumi kwenye kitambaa kibichi, weka ndani ya mfuko wa nailoni mahali pa joto, fungua siku ya nne. Zikichipua nane au zaidi, panda moja kila chombo. Zikiwa sita au saba kama zako, panda mbili mbili halafu ung'oe dhaifu. Chini ya tano, tafuta nyingine.

Chombo na udongo

Vikopo vya mtindi vina makosa mawili. La kwanza, hukusema kama ulivitoboa chini, na kwa kumwagilia asubuhi na jioni sidhani kama kinyausi kingekuja hivyo kama maji yangekuwa na pa kutokea. La pili ni kina. Alizeti hushusha mzizi mkuu mapema sana. Kabla jani la kweli halijafunguka vizuri, mzizi tayari umegonga chini na kuanza kujizungusha. Mzizi uliojizungusha ukiwa mchanga hunyooka kwa shida hata ukiuhamishia kwenye pipa. Kwa hiyo panda moja kwa moja kwenye chombo cha mwisho. Ukilazimika kuanzia kwenye kidogo, tumia viriba vya miche au mrija wa gazeti, na uhamishe siku ya 10 hadi 14, jozi ya kwanza ya majani ya kweli inapofunguka, bila kuutikisa udongo.

Dumu la mafuta la lita 5 lililokatwa juu ni saizi nzuri kwa aina fupi. Sado nayo inafaa, ila ni pungufu kidogo na udongo wake hukauka upesi. Kwa mbegu ya shamba unayoitaka iwe ndefu, ndoo ya rangi ya lita 20 iliyosuguliwa vizuri, mmea mmoja tu, nayo ikae barazani moja kwa moja. Toboa matundu matano au sita kwa msumari wa moto, chini na pia ubavuni sentimita mbili kutoka chini, kwa sababu ya chini huziba chombo kikikaa sakafuni. Inua chombo juu ya vipande viwili vya ubao.

Udongo mwekundu wa Dodoma ni mzuri, ila kwenye chombo hushikana ukawa kama tofali baada ya wiki mbili za kumwagiliwa. Changanya madebe matatu ya huo, mawili ya samadi iliyoiva na moja la mchanga wa mtoni kutoka kwenye korongo. Samadi ya mbuzi au ng'ombe iwe imekaa miezi mitatu au zaidi, isiwe na joto wala harufu ya zizi. Mbichi inaunguza mzizi. Udongo mweusi wa mbuga uache, unapasuka ukikauka na kukata mizizi. Chekecha mchanganyiko, kisha umwagie maji yanayochemka, kama lita mbili kwa kila lita kumi za udongo, ufunike hadi upoe. Hilo hupunguza vimelea vya kinyausi na mayai ya wadudu. Panda baada ya siku mbili, udongo ukiwa na unyevu wa kushikika: ukiufinya mkononi unakaa bonge, ukiligusa bonge linavunjika.

Kupanda hadi majani ya kweli

Panda kina cha sentimita 2 hadi 3, ncha kali ikielekea chini au mbegu ikiwa imelala. Mzizi unatoka kwenye hiyo ncha. Ukiielekeza juu, chipukizi hupoteza nguvu kujigeuza. Kina hiki ndicho kinachovua ganda: mche unapojisukuma kupita kwenye udongo, udongo hulishika ganda likabaki chini. Ukipanda nusu sentimita, kama nadhani ulivyofanya kwa ule mmoja, hakuna kinacholishika. Kuloweka si lazima. Ukipenda, saa nne hadi sita zinatosha. Mbegu iliyolala majini usiku kucha na zaidi hukosa hewa.

Kwenye joto la nyuzi 20 hadi 30 miche hutokeza siku ya 4 hadi ya 8. Juni na Julai, usiku wa Dodoma unaposhuka hadi nyuzi 13 au 14, itachelewa. Usikiweke chombo kwenye sakafu ya saruji miezi hiyo. Na angalia panya. Punje iliyotoweka bila kuacha hata ganda haikuoza, imeliwa. Wavu wa mbu au sahani yenye matundu juu ya chombo kwa wiki ya kwanza unamaliza tatizo.

Mche ukitokeza, siku hiyohiyo upelekwe kwenye mwanga mkali. Usingoje uone majani yamekuwa ya kijani. Siku mbili za giza wakati huu ndizo zinazotengeneza uzi. Urefu kutoka udongoni hadi kwenye yale majani mawili manene ya mwanzo ukizidi sentimita 7 au 8, mwanga hautoshi, shusha balbu. Fungua dirisha hewa ipite, au pitisha kiganja juu ya miche mara kumi hadi ishirini kila siku. Inaonekana kama mchezo, lakini shina linalotikiswa hujijenga nene na fupi.

Maji ndipo ulipokosea zaidi baada ya mwanga. Mche wa wiki moja haunywi mara mbili kwa siku. Chomeka kidole hadi kiungo cha kwanza. Pakiwa na unyevu, ondoka. Kwenye chombo cha lita 5 nusu glasi kila baada ya siku moja au mbili inatosha mwanzoni, asubuhi, pembeni mwa chombo na si kwenye shingo ya mche. Kinyausi kinapoanza utaona shingo imekuwa nyembamba, ya kahawia, kana kwamba imebanwa na uzi, na mche unaanguka ukiwa bado wa kijani. Huo hauponi. Ng'oa, acha udongo ukauke juu, nyunyiza safu nyembamba ya mchanga mkavu kuzunguka miche iliyobaki.

Maji ya visima vingi vya Dodoma yana chumvi, na kwenye chombo chumvi haina pa kwenda. Ukiona utando mweupe juu ya udongo au kwenye ukingo wa dumu, na ncha za majani zinakauka, mwagilia mara moja kwa maji mengi, kama ujazo wa chombo chenyewe, mpaka yatiririke chini kwa muda. Rudia kila wiki tatu. Msimu wa mvua kinga maji ya bati uyatunze kwa miche.

Kutoka miche hadi tumba

Mche uliolelewa kwa balbu usiutoe ghafla kwenye jua la saa saba mchana. Majani yake ni laini, yatapauka na kuwa na mabaka meupe kama yamemwagiwa maji ya moto. Siku ya kwanza saa moja ya jua la asubuhi, ongeza saa moja kila siku, na baada ya wiki umezoea.

Jozi tatu za majani zikifika, weka robo kisoda ya mbolea ya NPK kwenye chombo cha lita 5, au kisoda kimoja kwenye ndoo ya lita 20, ukiifukia sentimita 5 kutoka kwenye shina, kisha umwagilie. Rudia tumba linapoonekana. Urea achana nayo: naitrojeni nyingi kwenye mwanga mdogo inakupa majani mapana, shina laini na ua linaloinama kabla halijafunguka. Punguza pia taa hadi saa 12 baada ya wiki ya tatu. Baadhi ya aina za mapambo huchelewa kutoa tumba siku zikiwa ndefu, na siku yetu ya asili ni ya karibu saa 12 mwaka mzima.

Kiu itaongezeka haraka. Mmea wenye tumba kwenye lita 5 waweza kutaka nusu lita hadi lita nzima kwa siku wakati wa upepo mkavu wa Agosti hadi Oktoba, wa ndoo kubwa lita moja na nusu au mbili. Kunyauka saa nane mchana na kusimama jioni ni kawaida. Kunyauka alfajiri kunamaanisha mizizi imekauka au imeoza, na kidole ndicho kitakachokwambia ni ipi.

Zungusha chombo robo kila asubuhi, la sivyo shina litapindia dirishani. Huku ndiko kufuata jua kunakosemwa: ubavu mmoja wa shina changa hukua zaidi mchana na mwingine usiku, tumba likatoka mashariki hadi magharibi na kurudi. Ua likishafunguka kabisa, mwendo huo unakoma, shambani likabaki limetazama mashariki. Utafiti uliochapishwa mwaka 2016 ulionyesha kuwa maua yanayotazama mashariki hupata joto mapema asubuhi na kutembelewa na nyuki wengi zaidi. Kwa sebule yako maana yake ni hii: ua litafungukia dirishani na kukupa kisogo. Subiri petali zote zitandike, kisha geuza chombo mara moja tu. Halitageuka tena.

Kwa ndani, wadudu wanaosumbua ni vidukari, inzi weupe na utitiri mwekundu. Utitiri unapenda chumba kikavu chenye joto; utauona kwa vidoadoa vya njano juu ya jani na utando mwembamba chini yake. Futa majani upande wa chini kwa kitambaa kibichi, kisha nyunyiza maji yenye kijiko kimoja cha chai cha sabuni ya maji kwa lita, jioni, mara tatu kwa kuacha siku nne. Unga mweupe juu ya majani ni ubwiri unga. Kata yaliyoathirika, ongeza hewa, acha kulowesha majani.

Kama unataka mbegu

Aina fupi huchanua siku ya 50 hadi 60 tangu kupandwa, ya shamba siku ya 60 hadi 70, na ndani ongeza wiki moja au mbili. Ua moja ni mamia ya vijiua vilivyopangwa mduara, vinavyofunguka kutoka ukingoni kuelekea katikati kwa siku tano hadi kumi. Nje nyuki hufanya kazi hiyo. Ndani hayupo, na Record nyingi hazijichavushi zenyewe, hivyo ua moja peke yake litakupa mapepe matupu hata kama linapendeza. Panda miwili au mitatu kwa siku moja ichanue pamoja. Kila asubuhi kati ya saa tatu na saa tano pitisha brashi laini ya rangi za shuleni kwenye mduara wenye chavua ya njano wa ua la kwanza, kisha kwenye la pili, na urudi. Ua likiwa wazi siku nane, umefanya mara nane. Chotara hujichavusha vizuri zaidi, lakini brashi bado inasaidia. Aina nyingine za mapambo zimetengenezwa zisiwe na chavua ili zisichafue kitambaa cha meza; hizo usizitegemee kwa mbegu.

Mgongo wa ua ukigeuka njano na vijani vinavyouzunguka vikawa vya kahawia, kata na sentimita 20 za shina, ning'iniza kichwa chini penye hewa, mbali na panya. Udongo uliobaki usipande alizeti tena mara moja, kwa sababu vimelea vya kuozesha shina hubaki humo. Ondoa mizizi na maganda yote, maana mabaki ya alizeti hudumaza miche mingine, ongeza debe moja la samadi kwa kila matatu, na upande mchicha.